Sauti Ukingoni mwa Mkanda

Kabla ya kuwa Waziri Mkuu, na kabla ya kuitwa Simba wa Vita, Rashidi Mfaume Kawawa alikuwa mwigizaji wa sinema. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, akiwa kijana mtumishi wa serikali katika shughuli za maendeleo ya jamii, aliigiza katika filamu za Kiswahili zilizotengenezwa Tanganyika, mojawapo ikiwa Muhogo Mchungu. Sisi wa Ruvuma twapenda kumwita mwenzetu, kwa kuwa alizaliwa mwaka 1926 katika iliyokuwa Songea. Na tunapomkumbuka, tunakumbuka sauti ya majukwaani, ile iliyotoka redioni ikituhimiza tulime. Lakini ipo sauti nyingine, ya kijana wa miaka ishirini na kitu anayetamka maneno ya mhusika, kwa Kiswahili cha kabla ya uhuru, bila hotuba wala itifaki. Sauti hiyo haikuandikwa kitabuni. Makazi yake ni mkanda wa sinema, na mkanda una umri wa kuishi kama kiumbe kingine chochote.

Nimemtanguliza Kawawa kwa sababu nina hoja ya kuwawekea malenga wenzangu na wapenzi wa lugha. Uokoaji wa filamu za zamani umezoeleka kuwa kazi ya watu wa picha: wenye mashine, wenye macho ya rangi, wenye fedha za kigeni. Nadhani kwa upande wetu kazi hiyo ni ya lugha kwanza, na kwamba sisi tunaojigamba kuwa tunakipenda Kiswahili tumeiacha mlangoni mwa wengine.

Niende mbali kidogo, maana huko ndiko kazi hii ilikopata mashabiki wakaidi. Mwaka 1977 ilitoka Marekani filamu iitwayo Star Wars. Miaka ishirini baadaye, mwaka 1997, mtengenezaji wake, George Lucas, aliirudisha kumbini akiwa ameibadilisha: ameongeza viumbe, amegeuza matukio, amerekebisha rangi. Akaendelea kuigusa katika matoleo yaliyofuata, na ile ya kwanza akaiweka kando. Ajabu ni kwamba mwaka 1988 mtu huyohuyo alikwenda mbele ya Bunge la Marekani kutetea filamu za kale zisigeuzwegeuzwe na wenye fedha. Mashabiki hawakumsubiri abadili nia. Walianza kutafuta mikanda ya milimita 35 iliyozungushwa katika kumbi za sinema enzi zile, mikanda ambayo kwa kawaida hutakiwa kurudishwa na kuteketezwa baada ya kazi, wakaipata mikononi mwa watu binafsi, wakaiingiza katika skana, wakaisafisha. Toleo lao linaloitwa 4K77 lilitoka mwaka 2018.

Filamu ile ina dakika 121. Mkanda hupita mbele ya taa kwa kasi ya picha 24 kila sekunde; ukizidisha utapata picha zaidi ya laki moja na sabini elfu, kila moja na mikwaruzo yake. Walitegemea hasa mkanda uliochapwa kwa njia ya Technicolor, kwa sababu rangi zake hudumu, ilhali mikanda mingi ya wakati ule iliyochapwa kwa njia ya bei nafuu hufifia ikabaki wekundu mtupu, mfano wa picha ya arusi iliyotundikwa mkabala na dirisha. Palipopungua katika mkanda mmoja, walitazama mwingine. Walifanya hayo bila mshahara, usiku, baada ya kazi zao za kuwalisha.

Sina mapenzi makubwa na hadithi za vyombo vya angani. Kilichonivuta ni kanuni yao. Hawakuuliza lipi ni toleo zuri zaidi. Waliuliza lipi ndilo watu waliloliona siku ile. Kwao, kosa lililokuwapo mwaka 1977 ni sehemu ya filamu, na pambo lililoongezwa mwaka 1997, hata likiwa zuri, ni mgeni.

Msomaji wa blogu hii ataitambua kanuni hiyo mara moja, kwani ndiyo inayotutesa tunaposhughulika na tungo za kale. Mashairi ya Muyaka bin Haji, aliyefariki yapata mwaka 1840, yaliishi vinywani mwa watu wa Mombasa kwa karibu nusu karne kabla ya William Taylor, akisaidiwa na Mwalimu Sikujua bin Abdallah, kuyakusanya. Hichens akayachapa mwaka 1940, na Mohamed Abdulaziz akayarudia mwaka 1979 akiyawekea mazingira yake. Bila Mwalimu Sikujua, mtu aliyejua neno lipi lilisemwaje na lilimaanisha nini, Taylor angekuwa na karatasi tu. Na kila mhariri aliyekuja baadaye amekutana na kishawishi kilekile: kuondoa neno la Kimvita au la Kiamu na kuweka la Kiunguja ili shairi lisomeke Dodoma. Anayefanya hivyo amefanya kazi ya Lucas. Na Lucas walau alikuwa mwenye mali.

Sasa niingie kwenye mkanda wenyewe, kwa sababu watu wengi wa lugha hawajui sauti hukaa wapi humo. Kando ya picha, kati yake na matundu ya kuvutia mkanda, upo mstari mwembamba unaokwenda urefu wote wa filamu. Ukiukuza utaona mchoro wa vilele na mabonde, kama mgongo wa milima ya Umatengo unapoutazama asubuhi jua likiwa nyuma yake. Taa ndani ya projekta hupenya mstari huo. Mwanga unaopita huongezeka na kupungua kufuata vilele na mabonde, na kupungua na kuongezeka huko ndiko kunakogeuzwa kuwa sauti. Kwa maneno mengine, usemi wa mwigizaji umechorwa. Umekuwa hati, hata kama hatuwezi kuisoma kwa macho.

Kuna siri moja ya hati hii ambayo naomba kila mtunzi aifahamu. Sauti ya picha fulani haikai kando ya picha hiyo. Ndani ya projekta, picha haina budi kusimama kitambo mbele ya taa, kisha ivutwe, isimame tena, mara 24 kwa sekunde. Sauti, kinyume chake, haivumilii kusimama, lazima itiririke. Kwa hiyo husomwa mahali pengine, mkanda ukishatulia. Katika mkanda wa milimita 35 sauti imetangulia picha yake kwa takribani picha 20, karibu sekunde nzima. Katika ule mwembamba wa milimita 16 imetangulia kwa picha 26, sekunde moja na kidogo. Basi fikiria mkanda umekatika, kama ilivyokuwa kawaida katika vyumba vya projekta, na mwendeshaji ameukata sehemu iliyoharibika na kuunga ncha mbili. Picha iliyopotea ni ya mtu mmoja, lakini neno lililopotea ni la mwenzake, au la mtu huyohyuo akiwa anasema jambo jingine. Anayetazama picha peke yake ataona mruko mdogo na kuusamehe. Kumbe pale pengine sentensi imekatwa ulimi.

Sekunde moja ya usemi wa kawaida ni silabi tano au sita. Sisi tunaohesabu mizani tunajua hicho ni kiasi gani cha mshororo. Tena katika shairi, mizani sita zikipotea, vina hutusaidia kukisia. Mazungumzo ya watu wawili jikoni hayana vina. Dawa ni ileile ya mashabiki wa Marekani na ya wahariri wa tenzi: upate mkanda wa pili, uliokatika mahali pengine, ulinganishe.

Mfano wa kusikitisha zaidi ni wa hapa kwetu, na ni mkongwe kuliko wa Kawawa. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Meja Notcutt na Latham waliendesha jaribio lililoitwa Bantu Educational Kinema Experiment, kwa fedha za Carnegie Corporation. Walitengeneza filamu 35 kwa ajili ya watazamaji wa Afrika Mashariki na ya Kati, wakazitembeza kwa lori kutoka nchi hadi nchi. Sauti zao hazikuchorwa ukingoni mwa mkanda. Ziliwekwa kwenye sahani za santuri, ili picha moja iweze kusemewa kwa lugha nyingi: Kiswahili, Kisukuma, Kiganda, Kinyanja na nyinginezo. Wazo lilikuwa la werevu. Matokeo yake ni kwamba sauti na picha zilipata ajali mbili tofauti. Filamu tatu tu kati ya zile 35 ndizo zinazojulikana kuokoka, na zimehifadhiwa London. Mojawapo inahusu mashamba ya Kingolwira, karibu na Morogoro. Unaweza kumwona mkulima wa mwaka 1936 akitembea shambani kwake. Kiswahili kilichosemwa juu yake hakipo pale.

Nasikia pingamizi linalokuja: hizo zilikuwa propaganda za mkoloni, ziende na wenyewe. Ni kweli, zilimfundisha Mwafrika alipe kodi na achimbe choo kana kwamba hajawahi kufikiri. Hata Muhogo Mchungu ilizaliwa ndani ya nyumba hiyo. Lakini Kamusi ya Johnson nayo ilizaliwa humo mwaka 1939, na hakuna aliyeichoma. Mwenye kamera alikuwa Mwingereza. Ulimi haukuwa wake. Mwigizaji aliyepewa jambo la kusema alilisema kwa lafudhi yake, kwa kusita kwake, kwa kicheko cha kwao, na hayo hayakuamriwa na idara yoyote. Ninayataka hayo, na propaganda yenyewe ibaki kando yake ili wajukuu waione ilivyokuwa.

Baada ya uhuru tulianza kujisemea. Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa mwaka 1968, ikatupatia Fimbo ya Mnyonge katika miaka ya ujamaa. Mwaka 1985 ulituletea Yombayomba ya Martin Mhando, na Arusi ya Mariamu ya Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, filamu ya dakika 36 kuhusu mwanamke mgonjwa anayemwogopa mganga wa jadi. Angalia jina hilo: Arusi, bila h. Leo kijana mwenye kompyuta, akiandaa jalada la toleo jipya, angeongeza h kwa nia njema kabisa. Nilisahihisha madaftari kwa zaidi ya miaka thelathini. Ninaijua hamu ya kalamu nyekundu, na ninasema filamu si daftari.

Hapa lazima nisimame kwenye swali ambalo mashabiki wa Marekani hawakulazimika kujiuliza. Kwao, "walichokiona watu siku ile" ni mkanda. Kwetu je? Nilipokuwa mwanafunzi, gari la sinema lilipopanda huku milimani lilifunga kitambaa cheupe, likawasha jenereta, na kando ya kitambaa alisimama mtu wa kutueleza. Filamu ilisema Kiswahili au Kiingereza; yeye alisema Kimatengo, na mara nyingi alisema zaidi ya filamu. Aliwataja wazee wa kijiji, alimfananisha tajiri wa kwenye picha na mlanguzi wa kahawa tunayemjua sote. Watu walicheka kwa ajili yake. Ukinipa leo mkanda uleule, umesafishwa ukang'aa, umenipa nusu ya usiku ule.

Kazi ya mtu huyo haikufa. Ilihamia kwenye kaseti za video. Lufufu alizisemea filamu za Marekani, India na Hong Kong kwa Kiswahili chake mwenyewe, kikali na chenye vituko, na katika vibanda vya video nchi nzima watu walilipa kumsikia yeye kuliko kumsikia Rambo. Kenya wana DJ Afro; Uganda wanao wa kwao kwa Kiganda. Mtaalamu wa hifadhi kutoka ng'ambo akikuta kaseti ya Lufufu huenda akaiona ni nakala mbovu ya filamu ambayo ipo salama California. Picha kweli ipo salama California. Kiswahili kile kipo kwenye kaseti hiyo na kwenye dada zake chache, na kaseti huota ukungu. Kwa kanuni ya wale mashabiki, kwamba kinachookolewa ni kile watu walichokishuhudia, sauti ya Lufufu ndiyo nakala asili ya mtazamaji wa Mbinga. Ningependa mwanafunzi mmoja wa fasihi simulizi aandike tasnifu juu ya sitiari za Lufufu kabla hatujaongeza tasnifu nyingine ya methali na wanawake.

Wapo ambao wamelielewa jambo hili mapema kuliko sisi. Dar es Salaam lipo kundi liitwalo Ajabu Ajabu, vijana waliojipa kazi ya kuzitafuta na kuzionyesha filamu zetu mahali watu walipo. Katika filamu yao fupi, Apostles of Cinema, wanawafuata watu wa vibanda vya video wa jiji hilo, akiwamo msimulizi wa filamu, wakiiandalia hadhira ya mtaani Maangamizi, filamu ya Mhando na Mulvihill ya mwaka 2001, baada ya kukarabatiwa. Maangamizi ndiyo iliyokuwa ya kwanza kupelekwa na Tanzania kushindania Tuzo ya Oscar. Ya pili, Vuta N'kuvute, ilipelekwa mwaka 2022. Mhusika wake Samehe, aliyeigizwa na Amandina Lihamba, ni mgonjwa aliyenyamaza kwa miaka mingi. Nawaza filamu ambayo uzito wake umo katika mtu asiyesema, inavyohitaji sikio la mkarabati: ajue kimya kipi ni cha Samehe na kipi ni cha mkanda uliochakaa.

Na hapo ndipo penye hatari kubwa kwa sasa, kubwa kuliko moto na panya. Mashine ya kuondoa kelele haijui Kiswahili. Imefundishwa kuwa mchakacho unaosikika nyuma ya sauti ni uchafu, kwa hiyo huutoa. Lakini s, sh, f na th navyo ni michakacho. Sauti ya mkanda mwembamba tayari ni finyu, haibebi vizuri vilele vya juu. Ukiipitisha kwenye usafishaji wa pupa, shamba na samba vinakaribiana, thamani na zamani zinaingiliana. Mzungumzaji wa Kimvita ana jambo la ziada la kupoteza. Kwake paa la nyumba si p'aa wa mwituni, na kaa la moto si k'aa wa baharini. Tofauti ni pumzi ndogo tu inayofuata konsonanti, na pumzi hiyo ndiyo mashine huiona kama upepo uliopiga maikrofoni. Fundi asiyejua lugha atasikiliza matokeo na kusema: safi. Naye atakuwa amemhamisha mzee wa Mombasa bila hata kumpandisha basi.

Ndiyo maana nasema mkarabati wa filamu ya Kiswahili akae na Mwalimu Sikujua wake kiti cha pili. Na palipo na shaka, kelele ibaki. Mikwaruzo haijawahi kumzuia mpenzi wa taarabu kumsikiliza Siti binti Saad.

Jambo jingine dogo, lakini linaniudhi. Filamu zetu zinaporudi kutoka kwenye ukarabati, hurudi na maandishi ya Kiingereza chini ya picha, na watu huyachukua maandishi hayo kama ndiyo kumbukumbu ya yaliyosemwa. Maandishi ya chini hufupishwa makusudi ili jicho liweze kuyasoma kwa wakati. Methali huwa sentensi, tusi huwa adabu, na "shikamoo" hujikuta "hello". Kabla filamu haijatafsiriwa kwenda popote, iandikwe kwanza kwa Kiswahili chake, neno kwa neno, na kigugumizi kikiwamo.

Sitaki ieleweke kwamba nawalaumu wageni. Ng'ambo ya mto Ruvuma, Ruy Guerra alitengeneza mwaka 1979 filamu ya Mueda, Memória e Massacre, juu ya mauaji ya tarehe 16 Juni 1960, wananchi wa Mueda wenyewe wakiigiza yaliyowapata. Taasisi ya Arsenal ya Berlin ndiyo iliyoigeuza kuwa ya kidijitali. Mwaka 2017 wakfu wa Martin Scorsese, shirikisho la watengenezaji filamu wa Afrika, FEPACI, na UNESCO walikubaliana kukarabati filamu za Kiafrika, wakianza na lengo la filamu 50. Wamefanya vyema. Lakini Berlin haiwezi kutambua kwamba mama katika picha ametamka neno kama mtu wa Newala na si wa Mtwara mjini. Anayeweza ni mtu wa Newala.

Muda nao hautusubiri. Mikanda ya miaka ile ilitengenezwa kwa plastiki inayotokana na asetati, ambayo kwa joto na unyevu huanza kujila yenyewe ikitoa harufu ya siki. Ukishasikia siki ndani ya kopo, mkanda unajikunja, unasinyaa, na mvuke wake unauambukiza ulio jirani. Pwani yetu ina joto na unyevu wa kutosha kuharibu chochote. Baridi ya Kitura ingeifaa mikanda hiyo kuliko inavyoyafaa magoti yangu.

Kuhusu sheria: mashabiki wa Star Wars hufanya kazi gizani, kwa kuwa mwenye filamu hakuwapa ruhusa. Sipendekezi tuwafuate hapo. Tunayo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na baadhi ya waliotengeneza filamu zetu bado wanaweza kuulizwa. Waulizwe. Na waulizwe pia walioendesha magari ya sinema, walioshika funguo za stoo za wizara na za kumbi zilizogeuzwa kuwa maduka na makanisa, na warithi wao. Mwaka 2008 filamu ya Kijerumani ya Metropolis, ya mwaka 1927, ilipatikana karibu nzima huko Buenos Aires, mwisho wa njia ya usambazaji, ilhali kwao walikuwa wamekata tamaa. Sisi nasi tulikuwa mwisho wa njia nyingi, za filamu za Bombay hasa. Kopo la bati lililoegemeza mlango wa stoo lifunguliwe kabla halijauzwa kama chuma chakavu. Na likifunguka na siki, lisitupwe, litafutiwe mtu wa kuliskani haraka.

Lakini kazi ya kuandika yaliyosemwa haingoji skana. Haihitaji umeme zaidi ya ule wa kuchaji simu. Inahitaji watu watatu wenye masikio tofauti, mmoja wa pwani, mmoja wa bara, mmoja aliyekuwa mtu mzima wakati filamu inatengenezwa, na daftari. Kila mmoja anaandika peke yake anachokisikia, kisha wanalinganisha. Panapotofautiana, tofauti inaachwa ukurasani ionekane, kama wafanyavyo wahariri waaminifu wa tenzi. Mwanafunzi wangu wa zamani ameniletea Arusi ya Mariamu kwenye simu. Nimekwisha kuandika dakika kumi za kwanza, na mahali pawili nimeweka alama ya kuuliza kwa sababu mimi nasikia neno moja na mke wangu anasikia jingine. Zimebaki dakika 26, na ninahitaji mtu wa pwani.